Muziki chini ya sauti ya mtu: mwongozo wa kutunga kwa ajili ya filamu za hali halisi

Mtunzi anayetoka kwenye kwaya, taarab au bongo fleva na kuingia kwenye filamu za hali halisi huja na karibu ujuzi wote unaotakiwa. Anachopaswa kujifunza upya ni mahali pa kukaa. Kwenye wimbo, muziki ndio wenye shughuli. Kwenye dokumentari mwenye shughuli ni yule mtu anayesimulia maisha yake kwa sauti yake mwenyewe, na muziki ni mgeni aliyealikwa. Karibu kila hatua iliyomo humu inatokana na jambo hilo: tunga kwa kuifuata sauti ya binadamu kwanza, picha baadaye.

Ili tusizungumze hewani, tuchukue mfano mmoja na kwenda nao mpaka mwisho: filamu ya dakika 26 kuhusu wanawake wanaolima mwani pwani ya mashariki ya Unguja, upande wa Paje na Jambiani. Kilimo hicho cha biashara kilianza Zanzibar mwaka 1989, na wakulima wake wengi ni wanawake. Hufanya kazi maji yakitoka, hasa wakati wa bamvua, maji yanapojaa na kupwa kuliko kawaida. Joto la bahari limeiathiri aina ya cottonii, ambayo ndiyo yenye bei nzuri zaidi, kwa hiyo wengi wamebaki na spinosum. Filamu ya namna hii ina kila kinachomtatiza mtunzi: upepo, mawimbi, mahojiano marefu, nyimbo za kazini, na huzuni ambayo ni rahisi sana kuizidisha.

Hatua ya 1: Elewaneni kabla hujagusa kinanda

Mwongozaji akikupigia simu, usianze na bei. Uliza filamu ina urefu gani, itaonyeshwa wapi, uhariri umefika wapi, na muziki unatakiwa lini. Dakika 26 na dakika 52 ni vipimo vya kawaida vya televisheni. Filamu ya matamasha, kama ile inayolenga ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, inaweza kuwa na urefu wowote. Mahali itakapoonyeshwa panabadilisha hesabu yako. Filamu ya shirika itakayowekwa YouTube ikaishia hapo haiko sawa na ile inayouzwa kwa kituo cha televisheni cha Ulaya, maana hiyo ya pili inaweza kukuletea mirabaha kwa miaka kadhaa.

Uliza pia kama malipo ni yako peke yako au yamebeba kila kitu. Watayarishaji wengi hutoa kitita kimoja, na humo humo ulipe studio, wapigaji na nauli. Si utaratibu mbaya, ila toa fungu la wapigaji kwanza, kisha uone kilichobaki kama kinalipa wiki zako za kazi.

Halafu andikeni. Hata makubaliano ya ukurasa mmoja yanatosha yakitaja idadi ya dakika za muziki, raundi za marekebisho (mbili au tatu), tarehe, awamu za malipo, na nani anamiliki nini. Mtayarishaji anahitaji ruhusa ya kuutumia muziki ndani ya filamu hiyo, duniani kote, bila kikomo cha muda. Mpe. Umiliki wa utunzi na fungu la mtunzi katika mirabaha, baki navyo.

Hatua ya 2: Fumba macho

Filamu ikikufikia, itazame mara ya kwanza kama mtazamaji yeyote, bila kalamu. Hisia ya mara ya kwanza hairudi tena, na ndiyo aliyonayo mtu atakayeiona sebuleni kwake.

Mara ya pili, zima skrini usikilize tu. Hapo ndipo kazi inapoanza. Kwenye filamu yetu utasikia maji yakipigwa na miguu, kamba zikivutwa, mwani mbichi ukitupwa juu ya rundo, adhana ya mbali, pikipiki inayopita nyuma ya nyumba. Weka alama kila mahali ambapo filamu tayari ina mdundo wake. Wanawake wanaopigilia vigingi kwenye mchanga wanapiga mwendo ulio thabiti kabisa. Ukiweka ngoma juu yake bila kuuhesabu, vitu viwili vitagombana na mtazamaji atachoka bila kujua kwa nini.

Kisha sikiliza wanavyosema. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo kishazi cha kawaida huishia kwa nguvu na kulegea: *tunalíma*, *haúzwi*, *baharíni*. Ile silabi ya mwisho ni dhaifu, na muziki unaoingia juu yake unaimeza. Subiri. Nusu sekunde baada ya neno kuisha inatosha, na kwa mzee anayeongea taratibu hata sekunde nzima si nyingi. Mtu akishapumua, ingia.

Hatua ya 3: Kaeni na mwongozaji na mhariri

Hiki ni kikao cha kupitia filamu nzima tangu mwanzo, mkisimamisha kila mahali penye swali: muziki uingie hapa? Utoke wapi? Unafanya kazi gani? Swali la tatu ndilo muhimu, na jibu la "ili pasipooze" halitoshi. Kama onyesho limepooza, dawa yake iko kwa mhariri.

Toka na orodha iliyoandikwa namna hii, M ikiwa ni kipande cha muziki, na namba zinazofuata ni dakika na sekunde za filamu:

M03. 06:12 hadi 07:00. Safari ya kutoka ufukweni hadi shambani. Kazi: umbali na uzito wa mzigo.
M04. 09:40 hadi 10:25. Baada ya Bi mkubwa, mkulima wetu mzee, kueleza cottonii ilivyokufa. Kazi: kumpa mtazamaji nafasi ya kufikiri. Muziki uanze akiwa ameshamaliza.
M05. 12:02 hadi 12:30. Mizani na mnunuzi. Bila muziki mpaka ajibiwe bei.

Muziki uwe kiasi gani? Kwa filamu ya dakika 26 yenye sauti za mazingira nzuri kama hii, mimi ningelenga dakika tisa hadi kumi na moja, na ningeona fahari zikibaki saba. Filamu iliyofunikwa muziki mwanzo mpaka mwisho humfundisha mtazamaji kutousikia, na siku unapomhitaji ausikie, hayupo.

Jambo la kuzungumzwa wazi katika kikao hiki ni muziki wa muda, yaani nyimbo za watu wengine ambazo mhariri ameziweka ili zimsaidie kukata picha. Baada ya miezi miwili ya kuusikia, mwongozaji anakuwa ameupenda, naye atakutaka utunge kitu "kama hiki". Mwombe akuambie anachokipenda ndani yake: ni mwendo? Ni utulivu? Ni kwamba unaanza na ala moja tu? Chukua jibu hilo, kisha usiusikilize tena. Kunakili karibu mno kunaweza kuwafikisha mahakamani, na hata kusipowafikisha, filamu inabaki na sauti ya filamu nyingine.

Hatua ya 4: Mpe mhariri michoro mapema

Dokumentari huhaririwa kwa miezi, na umbo lake hupatikana mezani kwa mhariri. Usingoje picha ifungwe, yaani uhariri wake ukamilike. Tunga vipande sita hadi vinane vya michoro, vya dakika mbili mbili, visivyofungwa na onyesho lolote: kimoja cha asubuhi, kimoja cha kazi, kimoja cha wasiwasi, kimoja kitupu chenye ala moja. Vitume. Mhariri atavikata, atavigeuza, ataviweka mahali ambapo hukupawazia. Mara nyingi kile ulichokiandika kwa ajili ya bahari kitakaa vizuri zaidi chini ya uso wa mtu aliyeketi jikoni. Na muziki wa muda utakuwa sasa ni wako mwenyewe.

Hatua ya 5: Chagua ala, na uheshimu mizani yake

Chukua ala tatu, nne zikizidi sana. Zitoke mahali penye sababu.

Hapa ndipo filamu nyingi zinazopigwa Afrika Mashariki zinapoharibika. Mtu anafungua maktaba ya sauti, anaandika "Afrika", anapata ngoma kubwa za Afrika Magharibi na kwaya inayoimba lugha isiyo ya mtu yeyote, anaziweka juu ya mvuvi wa Jambiani. Mtazamaji wa mbali haoni tatizo. Bibi yake yule mvuvi analiona mara moja, na huyo mvuvi ndiye ambaye filamu ilimchukua sura na jina.

Kwa filamu yetu, Unguja ina kidumbak: ngoma mbili ndogo, fidla, cherewa za kutikisa, mkwasa wa kugonganisha, na sanduku, lile besi la uzi mmoja uliofungwa kwenye kijiti na boksi la mbao. Sanduku ni zawadi kwa mtunzi wa dokumentari, maana linanguruma chini kabisa ya sauti ya mwanamke anayeongea na halimgusi. Fidla moja, bila kundi, inaweza kubeba filamu nzima. Ukiwatafuta wapigaji, anza kwa vikundi vya mtaani na kwa waliopitia Dhow Countries Music Academy, chuo kilichoanza mwaka 2002 mjini Unguja; kwa Bara, TaSUBa, taasisi ya sanaa ya Bagamoyo, imewatoa wapigaji wa ala nyingi za asili.

Sasa mizani, yaani namna noti za ala zilivyopangwa. Kinanda na kompyuta yako vimegawanya oktava katika hatua kumi na mbili zilizo sawa, kila moja senti 100 (senti ni kipimo cha umbali kati ya noti). Ala nyingi za kwetu hazikugawanywa hivyo. Chukua ilimba ya Wagogo wa Dodoma, ile ala ya vijiti vya chuma inayopigwa kwa vidole gumba. Mizani yao inafuata sauti zinazozaliwa kiasili ndani ya mlio mmoja, ile ya nne, ya tano, ya sita, na kuendelea hadi ya tisa au ya kumi. Sauti ya tano iko chini ya noti ya kinanda iliyo karibu nayo kwa senti 14, na ya saba iko chini kwa senti 31, karibu theluthi ya hatua nzima. Piga ilimba pamoja na nyuzi za kompyuta bila kujali hilo, na utasikia mtetemo wa kuudhi. Wengi hudhani ilimba ndiyo "imetoka nje". Si kweli: kompyuta ndiyo isiyojua iko Dodoma. Hali ni hiyo hiyo kwenye taarab ya asili: katika maqamu (mizani za Kiarabu) ya Rasti na Bayati kuna noti zinazokaa katikati ya noti mbili za kinanda, na udi, ganuni na fidla huzifikia bila shida.

Kwa hiyo rekodi ala ya kweli kwanza. Pima kila noti yake kwa programu ya kupimia sauti, hata ya simu, uandike senti zake. Kisha rekebisha ala za kompyuta zifuate. Programu nyingi za ala huruhusu kubadili mizani noti kwa noti. Usifanye kinyume chake, yaani kuipitisha ilimba kwenye programu ya kunyoosha sauti. Utakachopata ni kinanda chenye mlio wa chuma.

Unapomrekodi mpigaji, nenda kwake kama inawezekana. Maikrofoni moja nzuri, sentimita 30 hadi 40 kutoka kwenye ala, chumba chenye mapazia au magodoro, feni imezimwa. Mwombe kwanza apige vile anavyopiga siku zote, bila mwendo wa kompyuta masikioni. "Shikamoo, mzee. Leo tunaomba utupigie kama uko nyumbani na wajukuu. Ya kwetu tutayaomba baadaye." Dakika hizo kumi za mwanzo mara nyingi huzaa kilicho bora kuliko ulichokiandika. Baada ya hapo mweleze onyesho lilivyo, mwonyeshe picha, na umwachie ajibu. Lipa siku hiyo hiyo, na apate karatasi ya makubaliano kwa lugha anayoisoma, ikieleza filamu ni ipi na sauti yake itatumikaje.

Neno kuhusu nyimbo za asili. Wale wanawake wakiimba shambani na kamera ikawarekodi, wimbo ule hauwi mali ya filamu kwa kuwa tu hauna mtunzi anayejulikana. Omba ruhusa ya waimbaji, uwaandike majina, uwalipe. Kenya ina sheria mahususi ya mwaka 2016 inayolinda maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni. Tanzania Bara sanaa za jadi zinatajwa ndani ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Zanzibar ina sheria yake na ofisi yake ya hakimiliki, COSOZA. Rekodi za zamani pia zina wenyewe. Zile ambazo mtafiti wa muziki Hugh Tracey alizirekodi Tanganyika mwaka 1950, kwa mfano, zimo katika ILAM, hazina ya muziki wa Afrika, Chuo Kikuu cha Rhodes, Afrika Kusini, na hazichukuliwi bila kuombwa.

Hatua ya 6: Andaa kompyuta

Hii ni fupi. Weka mradi wako kwenye kHz 48 na biti 24. Hicho ndicho kipimo cha filamu, kHz 44.1 ni cha CD. Uliza filamu ina fremu ngapi kwa sekunde na uweke hizo hizo: kwetu na Ulaya mara nyingi 25, kwa kazi nyingine 24 au 23.976. Ukikosea hapa, muziki utaachana na picha taratibu na utalaumu kila kitu isipokuwa chanzo. Mwombe mhariri akupe video ndogo yenye taimukodi (saa ya filamu) inayosomeka juu ya picha, na sauti za watu zikiwa zimetenganishwa na muziki wa muda ili uweze kuuzima. Programu yoyote unayoifahamu inafaa. Anayeanza anaweza kutumia Reaper, ambayo leseni yake ya bei nafuu ni dola 60. Nunua UPS kabla ya kununua spika mpya.

Hatua ya 7: Tafuta mwendo

Rudi kwenye M03. Ni sekunde 48. Kwenye sekunde ya 19.2 picha inakatwa: kutoka miguu inayotembea kwenye mchanga hadi shamba lote la mwani likionekana kutoka juu. Unataka fidla iingie hapo hapo, kwenye pigo la kwanza.

Kanuni ni moja: idadi ya mapigo mara 60, gawanya kwa sekunde, ndiyo tempo, yaani mapigo kwa dakika. Jaribu mapigo 24, yaani vipimo sita vya pigo nne nne: 24 mara 60 ni 1,440, gawanya kwa 19.2, unapata 75. Tempo 75. Kila pigo ni sekunde 0.8, yaani fremu 20 kamili kwa filamu ya fremu 25. Na sekunde 48 zote zinatoa mapigo 60, vipimo 15. Umepata mwendo ambao picha na muziki vinakutana bila kulazimishwa.

Mhariri akiisogeza ile picha hadi sekunde ya 20, mapigo yale yale 24 yanataka tempo 72. Msikilizaji hatagundua tofauti ya 75 na 72. Ndiyo maana ni vizuri kufikiri kwa mapigo kabla ya kufikiri kwa sekunde.

Lakini kabla ya kanuni hiyo, hesabu hatua za wale wanaotembea. Kama miguu yao inapiga 70 au 80 kwa dakika, tempo 75 itaonekana kama inatoka kwao, nao watavutwa na muziki badala ya kuburutwa. Wala usigonge kila picha inayokatwa. Chagua moja au mbili katika kipande kizima. Zaidi ya hapo unatunga katuni.

Hatua ya 8: Tunga chini ya sauti inayoongea

Hii ndiyo hatua ninayoomba uipe muda mwingi kuliko zote.

Sauti ya mwanamke akiongea kawaida hukaa kati ya Hz 165 na 255 hivi, ya mwanamume kati ya 85 na 180. Noti ya A iliyo chini ya C ya kati ya kinanda ni Hz 220, kwa hiyo Bi mkubwa wetu anaongea katikati kabisa ya kinanda, pale ambapo vidole vya kila mtunzi hukimbilia. Paache. Weka noti ndefu za sanduku chini yake, na kama unahitaji kitu cha juu, kiwe chembamba na kisichotembea.

Mlio wa sauti si kila kitu. Konsonanti, zinazolifanya neno lieleweke, ziko juu zaidi, kuanzia Hz 2,000 hadi 4,000 na kupanda. Cherewa na kayamba vinakaa huko huko pamoja na *s*, *sh* na *f*, navyo vinaweza kufanya "suka" na "shuka" visitofautike kwenye spika ya simu. Zumari ni mbaya zaidi. Tangu zamani imepigwa nje ili isikike mbali, na chini ya mahojiano haifai hata ikipigwa polepole. Fundi sauti anaweza kupunguza desibeli mbili tatu katika eneo hilo, lakini ni heri usiandike kitu hapo kuliko kuandika kisha kifutwe.

Sasa fanya jambo ambalo wengi hawalifanyi. Rudia sentensi tano za mzungumzaji na utafute kwenye kinanda noti anayotulia anapomaliza wazo. Karibu kila mtu anayo. Tuseme ya Bi mkubwa ni F kali (F#). Ukitunga kwenye ufunguo ambao F kali ni nyumbani au ni noti ya tano, maneno yake yatakaa juu ya muziki kwa utulivu. Ukichagua ufunguo wa F ya kawaida, kila mwisho wa sentensi utakwaruzana na besi, na mwongozaji atakuambia tu kwamba "kuna kitu hakijakaa". Badilisha ufunguo, si ala.

Badili kodi, yaani noti zinazopigwa pamoja, anapovuta pumzi. Melodi, kama ipo, iishi kwenye mianya kati ya sentensi, inyamaze anaporudi kusema. Na kama kuna sentensi moja ambayo filamu nzima inaitegemea, malizia muziki sekunde mbili kabla yake. Ukimya wa ghafla unamwinua mtazamaji kichwa kuliko ngoma yoyote.

Kuhusu machozi. Kutakuwa na mahali mtu analia. Mwongozaji ataomba fidla, na kila mtunzi anajua noti zipi zingefanya kazi hiyo. Nakusihi ukatae, kwa heshima. Yule mama analia kwa sababu shamba lake limekufa. Muziki unaoanza na chozi unamwambia mtazamaji kwamba chozi peke yake halikutosha. Acha alie kwenye sauti ya chumba chake, na muziki uingie kwenye picha inayofuata, maji au kamba tupu. Mpigie mwongozaji matoleo yote mawili mfululizo. Akiyasikia hivyo, hutahitaji maneno mengi.

Vivyo hivyo, usimhukumu mtu kwa besi. Katika M05 mnunuzi anapima mwani na kutaja bei ya chini. Ukimwekea nyuzi nzito za kutisha, umeshamtia hatiani hata kama filamu haijaonyesha kwamba amedhulumu. Huenda naye amepangiwa bei na soko la nje. Na usimfanye ofisa wa kijiji achekwe kwa fidla ya kudonoa kwa sababu tu suruali yake imelowa. Hawa si waigizaji. Kesho watatembea mtaani na ule muziki mgongoni.

Mwisho: andika miisho. Kipande kinachofifia tu kila mara kinaonyesha mtunzi hakujua wapi pa kutokea. Maliza kwa noti, au utoke chini ya sauti nyingine, wimbi linapovunjika au gari linapopita, mahali ambapo sikio limeshughulishwa.

Hatua ya 9: Tuma, sikiliza, rekebisha

Tuma kila kipande kikiwa juu ya picha, na sauti za watu zikisikika. Kikitumwa peke yake, mwongozaji atakisikiliza kama wimbo naye atadai kiwe na mambo mengi. Faili zipewe majina yanayoeleweka, kama M03_toleo2, pamoja na tarehe ya picha uliyoitungia.

Waongozaji husema kwa hisia: "kiwe na matumaini, ila si sana". Muulize ni mahali gani hasa amehisi muziki umekwenda mbali, na umwombe ataje taimukodi. Mara tisa kwa kumi tatizo ni ala moja kwenye sekunde nne, si kipande kizima. Na picha "iliyofungwa" itafunguliwa tena. Tunga kwa vishazi vya vipimo vinne vinavyoweza kuondolewa kimoja bila jengo kuanguka.

Hatua ya 10: Kabidhi

Toa faili za WAV, kHz 48, biti 24, kila kipande kikiwa katika stemu zake, yaani ngoma peke yake, nyuzi peke yake, sanduku peke yake, sauti za waimbaji peke yake, zote zikianza kwenye taimukodi moja. Fundi anayechanganya sauti akiona cherewa zinafunika neno, atazishusha hizo tu na kuiacha fidla ilipo.

Usiukaze muziki kwa nguvu kama unavyofanya kwa redio. Kipimo cha televisheni za Ulaya ni −23 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti) kwa programu nzima, na fundi ndiye atakayekifikia; ukimpa muziki uliobanwa, hana pa kuupumulisha. Sikiliza kazi yako kwenye spika nzuri, kisha kwenye simu, kisha kwenye televisheni ya kawaida chumba chenye watu. Kama filamu itauzwa nje, kumbusha timu iandae pia mchanganyiko wenye muziki na sauti za mazingira bila maneno, ili nchi nyingine ziweze kuweka usimulizi kwa lugha yao.

Hatua ya 11: Karatasi ya muziki

Jaza orodha rasmi ya muziki wote uliomo: jina la kila kipande, mtunzi, mgawanyo wa asilimia, urefu kwa dakika na sekunde, na kama ni muziki wa nyuma au unapigwa na watu wanaoonekana kwenye picha. Wale wanawake wanaoimba shambani wanaingia humu, kwa majina yao. Vituo vya televisheni hutegemea karatasi hii kuripoti matumizi kwa vyama vya kukusanya mirabaha, na bila yake fedha yako haina njia ya kukufikia. Sajili kazi kwenye ofisi ya hakimiliki, yaani COSOTA kwa Tanzania Bara, COSOZA kwa Zanzibar au, kwa Kenya, KECOBO, na ujiunge na chama cha kukusanya mirabaha kinachotambuliwa unakoishi. Ulinzi wa utunzi, Tanzania Bara na Kenya, ni maisha ya mtunzi na miaka 50 baada yake, kwa hiyo hata watoto wako wanahusika.

Hifadhi mradi mzima kwenye diski mbili zinazokaa nyumba mbili tofauti, pamoja na zile senti za ilimba au udi ulizozipima. Filamu inaweza kuombwa toleo fupi mwaka mmoja baadaye. Mpelekee kila mpigaji nakala ya kipande alichopiga na picha ya orodha ya majina ya mwisho wa filamu, kabla haijatoka. Jina likiwa limekosewa herufi, mhariri bado anaweza kulirekebisha.